Amri ya "rufaa iharakishwe" hukwama wapi kati ya Lamu na Garsen?

Msaidizi wa Kisheria, Lamu (mwanzilishi wa uzi)

Assalamu alaykum, wanabaraza wote. Nimeona tuwe na uzi mmoja wa jambo ambalo limekuwa likiguswa vipande vipande katika nyuzi nyingine: mahakama ya juu inapoiagiza mahakama ya chini iharakishe shughuli za rufaa iliyochelewa, amri hiyo hubadilisha nini hasa? Nauliza kwa sababu watu wengi wa hapa Lamu, wakishapata karatasi yenye muhuri inayosema jambo lao lishughulikiwe kwa haraka, huihesabu kuwa nusu ya ushindi, kisha miezi hupita na hakuna anayewaita. Rai yangu ni kwamba amri nyingi za namna hii hazizai kitu kwa sababu zinaizungumzia rufaa, ilhali kilichokwama ni faili.

Nianze na msingi wa sheria ili tusibishane juu ya yaliyo wazi. Ibara ya 159(2)(b) ya Katiba ya 2010 inasema haki haitacheleweshwa. Ibara ya 50(2) inampa mshtakiwa haki ya kesi yake kuanza na kumalizika bila kucheleweshwa pasipo sababu, na aya ya (q) inampa aliyetiwa hatiani haki ya kukata rufaa au kuomba mapitio katika mahakama iliyo juu. Hizo ni ahadi; meno yako katika Ibara ya 165. Fungu la (6) linaipa Mahakama Kuu mamlaka ya usimamizi juu ya mahakama za chini, zikiwemo za mahakimu na za makadhi, na fungu la (7) linairuhusu kuitisha kumbukumbu za shauri lolote lililoko huko na kutoa amri au maelekezo yoyote inayoona yanafaa ili haki itendeke. Kwa upande wa jinai, kifungu cha 362 cha Sheria ya Mwenendo wa Kesi za Jinai, Sura ya 75, kinaipa mamlaka yanayofanana na hayo.

Sasa tazameni rufaa inavyosafiri. Aliyefungwa na hakimu ana siku 14 za kukata rufaa, na aliyeshindwa katika kesi ya madai ana siku 30. Sheria yenyewe inajua kwamba nakala huchelewa. Kifungu cha 349 cha Sura ya 75 kinailazimu Mahakama Kuu kuipokea rufaa ya nje ya muda ikiridhika kwamba mkata rufaa alikwamishwa na kukosa nakala ya hukumu na ya kumbukumbu alizoziomba, na kifungu cha 79G cha Sheria ya Mwenendo wa Madai kinaziondoa katika hesabu siku ambazo mahakama ya chini inathibitisha kuwa zilitumika kuandaa nakala. Mlango wa kuingilia, basi, haufungwi kwa urahisi. Taabu iko ndani, kwa kuwa katika vifungu hivyo hakuna kinachomwambia mpiga taipu amalize lini.

Kwa mfungwa hesabu ni nyepesi na inauma. Sheria ya Magereza humpunguzia mfungwa wa kawaida mwenye mwenendo mwema theluthi moja ya kifungo, kwa hiyo mwenye miaka 3 hutoka baada ya miaka 2. Kumbukumbu zikichukua mwaka na nusu kutoka Lamu hadi Garsen, ambako rufaa zetu za jinai husikilizwa tangu Mahakama Kuu ilipofungua kituo kule (zamani zilikuwa zikienda Malindi), jaji atakuwa anasikiliza rufaa ya mtu ambaye tayari anahesabu siku za kutoka gereza la Hindi, hapa Lamu. Akishinda, ameshinda nini? Nimewahi kushughulikia jambo la kijana mmoja, ambaye sitamtaja wala sitaitaja mahakama iliyohusika, aliyepata maelekezo mazuri ya jaji kwamba mahakama ya chini "ichukue hatua za haraka". Nilipoipeleka nakala masjala, karani aliisoma kwa heshima, akaigonga muhuri wa kupokea, akaitoboa, akaifunga kwa uzi ndani ya faili lile lile lililokuwa likisubiri zamu kwenye rafu. Maelekezo hayakusema ni nani, afanye nini, wala mwisho wake lini, na karani hakuwa amekaidi chochote.

Ningependa kusikia kutoka kwa mawakili, na zaidi kutoka kwa yeyote aliyewahi kufanya kazi masjala.

Wakili wa Malindi

Wa alaykum salaam, ndugu yangu. Nakuunga mkono kuhusu faili, lakini yapo mambo ambayo watu wakiyajua mapema watajiepushia gharama.

La kwanza ni mipaka ya mamlaka uliyoyataja. Ibara ya 165(6) yenyewe inasema usimamizi huo hauhusu mahakama za hadhi ya juu. Mtu wa Mpeketoni ambaye rufaa yake ya shamba imelala katika Mahakama ya Mazingira na Ardhi hapa Malindi hawezi kwenda kwa jaji wa Mahakama Kuu akamwomba amharakishe mwenzake, kwa kuwa mahakama hizo mbili zina hadhi moja. Mahakama ya Rufaa nayo huingia pale tu jambo linapoifikia kwa njia ya rufaa. Ikilirudisha shauri chini, inaweza kuagiza lisikilizwe kwa kipaumbele, pengine mbele ya jaji mwingine, lakini haina ofisi ya kuzunguka ikihesabu mafaili ya majaji wa chini yake. Wateja wangu wengi hudhani mahakama zimepangwa kama jeshi, kwamba wa juu akitoa sauti wa chini hukimbia. Ibara ya 160 inasema mahakama katika kazi ya kuamua haziko chini ya amri ya mtu yeyote. Kinachoweza kuagizwa kutoka juu ni mwendo wa shauri, na hata huo una adabu zake.

La pili ni foleni, na hapa tutofautiane kidogo. Jaji akiagiza rufaa yako isikilizwe ndani ya siku 60, hakuongeza siku katika mwezi wala hakimu katika kituo. Amekutoa nyuma akakuweka mbele, na waliokuwa mbele yako, ambao huenda hawakuwa na nauli ya wakili wa kuwaombea, wamesogea nyuma. Mahakama ya Juu ya India ilikutana na jambo hili ana kwa ana. Mwaka 2018 iliamua kwamba amri za kusimamisha kesi za chini zikae miezi sita tu kisha zife zenyewe, isipokuwa pale zinapoongezwa muda kwa sababu maalumu, na kwa miaka kadhaa jambo hilo likasifiwa kuwa dawa. Tarehe 29 Februari 2024, katika shauri la chama cha mawakili cha Allahabad dhidi ya jimbo la Uttar Pradesh, jopo la majaji watano likaufuta uamuzi huo, likasema pia kwamba mahakama za kikatiba kwa kawaida zijizuie kuzipangia mahakama nyingine muda wa kumaliza mashauri, isipokuwa katika hali ya kipekee, kwa sababu wanaoujua msongamano wa mahali ni majaji wa mahali hapo. Hiyo ni nchi yenye mamilioni ya mashauri yanayosubiri. Hatuwezi kusema waliandika hayo kwa kutojali ucheleweshaji.

La tatu ni idadi ya waamuzi, ambayo hakuna amri inayoweza kuiziba. Mnakumbuka majaji 41 waliopendekezwa na Tume ya Huduma za Mahakama mwaka 2019. Rais Uhuru Kenyatta aliwateua 34 tu, Juni 2021, na sita waliobaki waliapishwa mbele ya Rais Ruto Septemba 2022, mmoja akiwa ameshafariki dunia. Kwa muda wote huo mashauri yaliendelea kuingia. Ilipokuwa hivyo, agizo lolote la kuharakisha lilikuwa likimwambia mtu mmoja afanye kazi ya wawili.

Karani Mstaafu

Salaam kwenu nyote, na heshima kwako Bwana Wakili. Nilifanya kazi masjala za Pwani hadi nilipostaafu, na nimeona nichangie kwa sababu watu huzungumza habari za kumbukumbu kana kwamba ni kitu kilichokwishakuwapo kinachosubiri tu kutumwa.

Kumbukumbu za kesi ya hakimu, kwa miaka yote niliyoifanya kazi ile, ziliandikwa kwa mkono na hakimu mwenyewe, shahidi akisema na yeye akiandika. Rufaa ikikatwa, mtu fulani lazima akae azipige taipu ukurasa kwa ukurasa, na mtu huyo ndiye anayepiga barua, hati za wito, orodha ya mashauri ya kesho na maamuzi ya mahakimu wawili au watatu. Mwandiko wa hakimu mwingine unasomeka kama kitabu. Wa mwingine unahitaji aitwe aulizwe neno hili ni nini. Hakimu huyo akihamishiwa mkoa mwingine, na mahakimu huhamishwa kila mara, mpiga taipu huacha nafasi tupu, huandika orodha ya maneno yasiyosomeka, na faili hukaa kando hadi majibu yarudi. Yakirudi, kazi husomwa upya ikilinganishwa na mwandiko, huthibitishwa kuwa nakala halisi, vielelezo huorodheshwa, kisha ndiyo husafirishwa. Kwa Lamu hiyo ni mashua hadi Mokowe, halafu gari.

Nitawaeleza jambo moja ambalo sijaliona likiandikwa popote. Mkata rufaa huomba dhamana akisubiri rufaa, au huandika barua ya malalamiko, na Mahakama Kuu, kwa nia njema kabisa, huitisha faili asilia ili ilitazame. Faili likishaondoka, mpiga taipu hana cha kupiga. Linakaa juu likisubiri ombi dogo lisikilizwe, ombi linatajwa, linaahirishwa, linatajwa tena, na muda wote huo kazi ya nakala za rufaa yenyewe imesimama. Nimeona mafaili yaliyochelewa kwa sababu hasa ya amri iliyotolewa ili yasichelewe. Mkiuliza kwa nini hatukusema, tulisema, lakini barua ya karani kwenda juu husafiri polepole kuliko barua inayoshuka.

Msaidizi wa Kisheria, Lamu

Mzee Karani, ahsante sana. Hilo la faili asilia linaeleza mambo kadhaa ambayo nimekuwa nikiyaona bila kuyaelewa, na nadhani linamjibu kwa kiasi Bwana Wakili pia.

Hoja ya foleni naikubali pale amri inapopanga tarehe ya kusikilizwa. Tarehe ya kusikilizwa ni mali ya pamoja, ukipewa wewe mwenzako ameikosa. Lakini Ibara ya 50(5) ya Katiba inampa mshtakiwa haki ya kupata nakala ya kumbukumbu za kesi yake ndani ya muda unaofaa baada ya kesi kwisha, kwa ada ya kiasi iliyowekwa na sheria. Hiyo ni haki ya kila mmoja juu ya faili lake mwenyewe, na mahakama ya juu ikiisimamia haijamrukisha mtu foleni ya jaji, imeiamuru ofisi itimize wajibu ambao tayari unao. Mnaweza kusema mpiga taipu naye ana foleni. Ni kweli, ila ukubwa wa foleni hiyo unajulikana na mkuu wa kituo, na amri ikimtaka aeleze kwa maandishi faili limefika wapi, mara nyingi jibu lenyewe hulisogeza faili.

Kwa hiyo tofauti ninayoitafuta ni kati ya amri isemayo "rufaa iharakishwe" na amri isemayo, kwa mfano, kwamba mkuu wa kituo cha mahakama fulani ahakikishe kumbukumbu za shauri namba fulani zimepigwa taipu na kuthibitishwa ndani ya siku 30, faili asilia libaki kituoni hadi kazi hiyo iishe, naibu msajili aarifiwe kwa maandishi, na jambo litajwe mbele ya jaji tarehe fulani kuthibitisha kwamba agizo limetekelezwa. Ya kwanza ni dua. Ya pili ina mtu, ina kazi, ina mwisho, na zaidi ya yote ina siku ambayo mtu atasimama kueleza.

Mkitaka kuona muda wenye makali unavyofanya kazi, tazameni kesi za uchaguzi. Pingamizi la matokeo ya urais huamuliwa ndani ya siku 14. La mbunge husikilizwa ndani ya miezi sita, na rufaa yake katika Mahakama ya Rufaa nayo, kwa kifungu cha 85A cha Sheria ya Uchaguzi, lazima iamuliwe ndani ya miezi sita. Mahakama ni zile zile na majaji ni wale wale, na kumbukumbu za kesi hizo, ambazo huwa nene kuliko za mwizi wa kuku, hupigwa taipu na kufungwa kwa wakati. Zinawezekana kwa sababu muda ukipita mahakama inapoteza mamlaka ya kuamua. Sisemi kila rufaa iwekewe sheria kama hiyo. Nasema mwanasiasa aliyekosa kiti haingojei faili, na mvuvi aliyefungwa analingoja, na anayelipa gharama ya kungoja huko kwa siku za maisha yake ni huyo wa pili.

Bint wa Langoni

Assalamu alaykum. Mimi si mwanasheria, na naomba radhi kama nitakosea majina ya mambo. Kaka Msaidizi amezungumza sana kuhusu wafungwa, lakini sisi tuna rufaa ya mirathi. Kadhi alitoa hukumu kuhusu nyumba ya babu yetu, upande wa ami zetu ukakata rufaa Mahakama Kuu, na tangu hapo kila tukienda tunaambiwa faili limeshafika, kila kitu kiko tayari, ila "washauri hawajapatikana". Nyumba haiuzwi, haikarabatiwi, na paa la upande wa kaskazini limeanza kuingiza maji kwenye boriti. Je, na hili linaweza kuombewa amri? Na washauri hao ni akina nani?

Wakili wa Malindi

Dada yangu, hujakosea jina lolote. Kifungu cha 65 cha Sheria ya Mwenendo wa Madai kinasema rufaa kutoka kwa kadhi kwenda Mahakama Kuu husikilizwa jaji akikaa pamoja na Kadhi Mkuu, au makadhi wengine wawili, kama washauri. Nia ni njema, kwani jaji huenda si mjuzi wa fiqhi ya mirathi. Lakini Kadhi Mkuu ni mmoja kwa nchi nzima, na kila kadhi mwingine ana mahakama yake na watu wake wanaomngoja asubuhi hiyo hiyo. Hapa ucheleweshaji hauko katika taipu wala katika uvivu wa mtu, uko katika kuzipatanisha diari za watu watatu walio miji mitatu. Katika hali yako wala huhitaji amri kutoka juu, kwa sababu rufaa tayari iko mbele ya anayeweza kuamuru. Mwombe jaji, kwa ombi fupi la maandishi au siku ya kutajwa, aelekeze makadhi wawili wa karibu watajwe kwa vyeo vya vituo vyao na tarehe ipangwe kwa kuwasiliana nao kabla, badala ya tarehe kupangwa kwanza halafu washauri watafutwe. Mkiwa pande zote mbili mnataka jambo liishe, semeni hivyo pamoja. Tangu mwaka 2020 mahakama zimezoea kusikiliza kwa njia ya video, na sioni kwa nini mshauri aliye Hola asishiriki akiwa Hola, ikiwa jaji ameridhia.

Niongeze la hatari kwa wale ambao ndio waliokata rufaa ya madai. Kanuni ya 35 ya Agizo la 42 la Kanuni za Mwenendo wa Madai za 2010 inasema rufaa isipopangiwa kusikilizwa ndani ya mwaka mmoja tangu hati yake ilipowasilishwa kwa mjibu rufaa, msajili ataiorodhesha mbele ya jaji ili ifutwe. Majaji wengi hukataa kuifuta pale inapoonekana kumbukumbu za chini hazijaletwa na maelekezo hayajatolewa, lakini lazima uwe na barua zinazoonyesha ulikuwa ukiziomba. Asiye na barua huonekana amelala.

Mvuvi wa Shela

Nimewasoma wote, na ninakubali mengi, ila mnazungumza kana kwamba kila mtu anataka rufaa iende mbio. Leseni ya mazingira ya mtambo wa makaa ya mawe hapa Lamu ilifutwa na Baraza la Kitaifa la Mazingira tarehe 26 Juni 2019. Kampuni ikakata rufaa katika Mahakama ya Mazingira na Ardhi, Malindi, na rufaa ile ikakaa miaka. Mliona mtu wa Shela au wa Kwasasi akiandamana ili iharakishwe? Leseni ilikuwa imefutwa, mtambo haujengwi, na mwezi Novemba mwaka ule ule Benki ya Maendeleo ya Afrika ikasema haitaufadhili. Kila mwaka uliopita ulikuwa faida kwetu. Kwa hiyo ukisikia mtu analia kuwa rufaa imecheleweshwa, muulize kwanza amri gani inafanya kazi wakati rufaa inangoja.

Msaidizi wa Kisheria, Lamu

Ndugu Mvuvi, hilo ni la kweli na ndilo jambo ambalo mahakama ya juu inapaswa kulitazama kabla ya kutoa agizo. Mwenye amri ya kusimamisha utekelezaji mkononi hana haraka, na aliye gerezani ana haraka kila asubuhi. Ndiyo maana sioni ubaya mahakama ikitofautisha. Mahakama ya Juu ya India, ambayo Bwana Wakili ameitaja kwa upande wa tahadhari, ilisema mwaka 2001, katika shauri la Akhtari Bi, kwamba rufaa ya mfungwa isipoamuliwa kwa miaka mitano bila kosa lake, anaweza kuachiliwa kwa dhamana. Mwaka huo huo, katika shauri la Anil Rai, ikaelekeza kwamba hukumu ya mahakama kuu ikichelewa miezi mitatu baada ya kusikilizwa, mhusika aruhusiwe kuomba itolewe mapema, na ikipita miezi sita, amwombe Jaji Mkuu wa mahakama hiyo alihamishie shauri kwa majaji wengine. Tazameni mbinu. Haikusema tu "fanyeni haraka". Ilisema kuchelewa kukifika hapa, kitu fulani kitatokea.

Kwetu mlango wa namna hiyo upo, ingawa mwembamba. Kifungu cha 357 cha Sura ya 75 kinairuhusu Mahakama Kuu, au hata mahakama iliyomtia mtu hatiani, kumpa dhamana akisubiri rufaa. Tangu shauri la Jivraj Shah la 1986, mahakama hutazama kwanza kama rufaa ina uzito wa kushinda, na hutazama pia kama sehemu kubwa ya kifungo itakuwa imeshatumikiwa kabla haijasikilizwa. Mawakili huitilia nguvu hoja ya kwanza na kuipitia ya pili kwa mstari mmoja, na kwa mwenye kifungo kifupi ningeigeuza mizani. Ambatanisha barua za kuomba nakala, onyesha tarehe zake, onyesha hesabu ya theluthi, na iache hesabu yenyewe iseme.

Mdau wa Tanga

Kwa faida ya wanabaraza, upande wetu Ibara ya 107A(2)(b) ya Katiba ya Tanzania inakataza kuchelewesha haki bila sababu ya msingi, na kifungu cha 44 cha Sheria ya Mahakama za Mahakimu kinaipa Mahakama Kuu usimamizi juu ya mahakama za wilaya na za mahakimu wakazi, pamoja na uwezo wa kukagua kumbukumbu na kutoa maelekezo. Nilipomsoma Mzee Karani nilidhani anasimulia masjala ya kwetu.

Wakili wa Malindi

Ndugu wa Tanga, karibu. Kabla hatujafunga mada ya maagizo kutoka juu, tukumbuke kwamba wakati mwingine uamuzi wa juu ndio unaoleta mafuriko. Desemba 2017 Mahakama ya Juu ya Kenya, katika shauri la Muruatetu, ilisema adhabu ya kifo ya lazima kwa mauaji ni kinyume cha Katiba. Uamuzi ulikuwa wa haki, lakini maombi ya kupangiwa adhabu upya yakamiminika kutoka magerezani, yakiwemo ya makosa ambayo si mauaji, hadi Julai 2021 mahakama hiyo hiyo ilipotoa maelekezo kwamba uamuzi ule ulihusu mauaji tu. Kwa miaka mitatu na zaidi, maombi yale na rufaa za kawaida yalikuwa yakigombea meza moja.

Mama wa Mpeketoni

Habari zenu. Mwanangu alifungwa miaka 4 na alikata rufaa mwenyewe kupitia gereza. Sina wakili. Nimesoma yote hapa lakini nashindwa kujua nianze na nini kesho, na kama nitalipa pesa.

Msaidizi wa Kisheria, Lamu

Pole sana, mama. Kwanza ulizia gerezani kama hati yake ya rufaa ilikwishapelekwa Mahakama Kuu, na upewe namba ya rufaa, maana bila namba hiyo kila ofisi itakurudisha kwa nyingine. Kisha uandike barua kwa mkuu wa kituo cha mahakama iliyomfunga, ukitaja Ibara ya 50(5), uombe nakala za kumbukumbu na hukumu, na nakala ya barua hiyo uipeleke kwa naibu msajili wa Mahakama Kuu, Garsen. Barua haina ada. Ada ya nakala, ikitajwa, omba uoneshwe imeandikwa wapi na upewe risiti. Ukikaa mwezi bila jibu, barua ya pili iwe kwa naibu msajili, ukimwomba ampelekee jaji jambo hilo chini ya Ibara ya 165(7) ili maelekezo yatolewe kuhusu kumbukumbu, na utaje waziwazi kwamba unaomba faili asilia lisiondolewe kabla ya kupigwa taipu. Ipo pia ofisi ya malalamiko ya Mahakama (Judiciary Ombudsman), ambayo hupokea malalamiko ya ucheleweshaji bila malipo. Tangu Machi 2024, Jaji Mkuu Koome alipozindua uwasilishaji wa nyaraka kwa njia ya elektroniki katika mahakama zote, inawezekana kufuatilia baadhi ya mambo kwa mtandao, lakini kwa faili la zamani usitegemee hilo peke yake. Nitumie ujumbe wa faragha, nitakuandikia barua ya kwanza.

Karani Mstaafu

Mama, barua zipige nakala mbili, na ya kwako igongwe muhuri wa kupokea wenye tarehe kabla hujaondoka dirishani; usikubali kuambiwa urudi kesho kuichukua. Juu ya barua andika namba ya kesi ya chini, namba ya rufaa, jina la mwanao kama lilivyo kwenye hati ya mashtaka, na jina la hakimu aliyeisikiliza. Jina la hakimu ndilo watu husahau, na ndilo litakalomwambia karani atafute rafu gani. Na ukienda, nenda siku za katikati ya wiki. Jumatatu masjala hushughulika na waliokamatwa mwisho wa wiki.